Roho Haipimwi

Kazi yangu ya kwanza ya maana niliipata kwa sababu ya lugha ambayo jirani zetu waliiogopa. Nimezaliwa Nyamityobora, Mbarara, katika nyumba ambayo baba yangu, muuza vitambaa aliyetoka Tanga, hakutaka isemwe lugha nyingine ndani ya mlango wake. Nje tulisema Kinyankore na Kiganda kama watoto wote. Ndani, Kiswahili. Nikimwita mdogo wangu kwa sauti uani, mama wa nyumba ya pili alikuwa akinyamaza ghafla jikoni kwake. Katika maisha yake Kiswahili kilikuwa kimemjia mara mbili tu, na mara zote mbili kilikuwa kimevaa buti.

Nikaenda kukisomea. Chuo kikuu, Dar es Salaam, miaka mitatu ya shahada na miwili zaidi ya kuandika tasnifu juu ya maana za maneno, tasnifu ambayo hadi leo imesomwa na watu watatu, nami nikiwa mmoja wao. Nilirudi Mbarara nikiwa na uwezo wa kumweleza mtu yeyote kwa nini alichosema sicho. Hapakuwa na aliyeuhitaji uwezo huo. Nikafundisha vipindi vya kuokoteza katika shule moja ya Biharwe, nikachapa barua za watu kwenye duka la kompyuta, nikavuka miaka thelathini. Ndipo zahanati moja katika makazi ya wakimbizi ya Nakivale ikatafuta mtu mwenye kujua vitu viwili pamoja, Kiswahili na kompyuta. Mama yangu alisema dua zake zimejibiwa. Mimi nilisema ni tasnifu.

Hiyo ilikuwa baada ya mwaka 2010. Nilikaa pale miaka minne, na nimepata kuieleza miaka hiyo kwa namna nyingi, nyingine za kuchekesha. Hapa nataka kueleza habari za mwanamke mmoja tu, na miezi minne niliyompotezea.

Wagonjwa wetu wengi walikuwa Wakongomani wa Kivu ya Kusini, wakulima wa maharage na mahindi, na wachuuzi wa dagaa na sabuni. Walipofika, walianzia kwa mzee mmoja wa kwao tuliyemwita Papa. Kabla ya vita alikuwa muuguzi mwenye wadi yake. Huku vyeti vyake havikuwa na maana, kwa hiyo alipewa fulana ya mhudumu wa kujitolea, daftari na kalamu. Aliandika lalamiko la mgonjwa kwa maneno ya mgonjwa mwenyewe, kwa mwandiko uliolala vizuri kama majani yaliyopigwa na upepo wa upande mmoja. Baadaye daftari lililetwa kwangu nilitie kwenye kompyuta.

Kompyuta haikutaka maneno. Ilitaka namba. Kila lalamiko lilikuwa na namba yake katika orodha: homa, kikohozi, tumbo, ngozi, moyo, huzuni na mshtuko, na kadhalika mpaka chini. Programu ilikubali lalamiko moja tu kwa kila mtu, lile la kwanza, na namba ndiyo iliyoamua siku. Mwenye namba ya moyo alikuja Jumatano, siku ya kipimo. Mwenye namba ya huzuni na mshtuko alikuja Ijumaa kwa mshauri, wala hakupita kabisa kwa tabibu. Tuliona fahari sana kwa mpango huo. Kabla yake watu walikuwa wanapanga foleni moja tangu alfajiri, mwenye upele na mwenye kufa.

Kipimo chenyewe kilikuwa kisanduku kisichozidi mche mkubwa wa sabuni, kilichounganishwa na kompyuta kwa waya mmoja, na upande wa pili kikatoa nyaya kumi kama pweza aliyezidishiwa miguu. Nne zilibanwa mikononi na miguuni, sita zikanatishwa kifuani. Mgonjwa alilala kimya, na kwenye kioo ikajichora mistari ya umeme wa moyo wake. Kompyuta ilisoma mistari hiyo, ikatoa maoni yake kwa Kiingereza, kisha tabibu akaituma kwa mtandao hadi Mbarara kwa daktari wa moyo, mama mmoja mwenye maneno machache. Kabla ya kuanza, programu iliuliza umri. Robo tatu ya wagonjwa wetu walikuwa wamezaliwa tarehe moja Januari, kwa sababu ndivyo walivyoandikishwa mpakani, na kompyuta kila mwanzo wa mwaka iliwapongeza wote kwa pamoja.

Sasa niseme kosa langu. Nililifanya kwa moyo mweupe, na kwa elimu.

Katika daftari la Papa kulikuwa na neno lililorudi tena na tena. "Roho inamupiga." "Roho iko inaruka." "Anasikia roho nzito." Mtu wa Tanga, hata wa Tanga ya Mbarara, hana shida na neno hilo. Moyo ni kiungo, uko kifuani, unasukuma damu. Roho ni ile inayotoka mtu anapokufa. Tena nilijua watu hawa wametoka wapi. Nilikuwa nimewasikia wakisimulia barabara walizopita na waliowaacha humo. Kama roho ya mtu haiwezi kuruka baada ya hayo, itaruka lini? Kila penye roho nikaweka namba ya huzuni na mshtuko. Nilikuwa na huruma, na huruma yangu ilikuwa na sarufi.

Mwanamke ninayemsema alikuwa na miaka thelathini na kitu, mkulima wa maharage, mrefu, mwenye ulimi mwepesi. Nilikuwa nimemwona barabarani kabla sijamjua. Alikuwa akipanda kutoka bondeni na dumu la maji, na kila baada ya hatua thelathini hivi alilitua, akaketi juu yake kama mtu anayesubiri gari. Nilidhani anawasubiri wenzake. Papa alimwandika hivi: "Roho inaruka, pumuzi inakatika akipanda." Lalamiko la kwanza lilikuwa roho. La pili kompyuta haikuwa na nafasi nalo, nami sikujisumbua kulitafutia. Nikampa Ijumaa.

Mshauri alikuwa kijana kutoka Kampala, mpole, asiyejua Kiswahili hata cha kununulia ndizi. Kwa hiyo mkalimani wa Ijumaa nilikuwa mimi. Wanawake kumi na wawili hivi walikaa kwenye mabenchi, naye akawafundisha kufumba macho, kuvuta pumzi polepole na kuitoa. Kisha akawataka waseme kilicho ndani. Wao wenyewe waliyaita masomo yale darasa la kupumua. Huyu mama ndiye aliyelibuni jina hilo. Alipita nyumba kwa nyumba asubuhi akiwaita wenzake: twende tukapumue, hewa isije ikaisha.

Nakumbuka vizuri Ijumaa moja alipoulizwa kama kuna mtu anayemwekea kinyongo. Aliniangalia mimi, si mshauri.

"Mwalimu, umwambie huyu mutoto," alisema. "Mimi nilisha kusamehe bantu bote. Hata bale ba kule. Roho inaruka tu."

Wenzake wakacheka. Waliniita mwalimu kwa sababu nilikuwa na tabia ya kuwasahihisha, na jina hilo halikuwa sifa. Mimi nikamgeukia mshauri, nikamweleza kwa Kiingereza safi kwamba mama huyu amesamehe kwa akili lakini nafsi yake bado haijatulia. Mshauri aliandika jambo kwenye karatasi yake, ameridhika. Akaniomba nimwambie aendelee kuvuta pumzi. Nikamwambia. Akavuta.

Ilikuwa hivyo miezi minne. Katika muda wote huo kisanduku kilikuwa chumba cha pili, nyuma ya ukuta wa mabati.

Mambo yalifunguka Jumatano moja ambayo tabibu alikuwa ameitwa mkutanoni Mbarara. Jumatano sikuwa na kazi katika chumba cha kipimo. Siku hiyo niliombwa nikae kwenye kompyuta niandike majina na umri, Papa apachike nyaya. Aliingia mzee mmoja akakataa kuvua shati. Alikuwa amesikia kwamba mashine inapiga watu umeme ili waseme ukweli juu ya idadi ya watoto wao.

"Lala, mukubwa," Papa alimwambia. "Hakuna umeme yenye itakuingia. Tunapima roho tu."

Nikacheka. Sikuweza kujizuia. "Papa," nikasema, "roho haipimwi. Roho anaijua Mungu. Kinachopimwa ni moyo."

Papa hakugeuka. Alikuwa anabana waya mwekundu kwenye kifundo cha mkono wa mzee. "Kwenu," alisema. "Kwetu roho ni hii." Akamgonga mzee kifuani kwa vidole viwili, upande wa kushoto. "Siku ya Mungu tulichinja mbuzi. Maini tulikula bakubwa, roho tukapatia batoto."

"Roho ya mbuzi iko tamu kushinda maini," mzee alisema kutoka kitandani.

Nikauliza, na sauti yangu ilikuwa bado ya mtu anayefundisha, kama ni hivyo moyo wao wanautumia kwa kazi gani.

Papa akachukua waya mwingine. "Moyo ni ya kanisa," alisema. "Yesu anaingia mu moyo."

"Mu roho hawezi," mzee akaongeza. "Fasi ni kidogo."

Wakacheka wawili wale, na mistari kwenye kioo ikachafuka kwa kicheko chao, ikabidi tuanze upya. Nilimaliza kipimo cha mzee. Nilihifadhi faili, nikaandika jina la faili bila kukosea. Kisha nikatoka nje nikasimama karibu na pipa la maji, nikaanza kuwahesabu watu wa Ijumaa kwa sura zao.

Nilirudi kwenye kompyuta nikatafuta neno roho. Halikuwepo hata moja. Bila shaka halikuwepo, mimi ndiye niliyeligeuza namba kila mahali, na namba ile ile walikuwa nayo waliofiwa, waliobakwa, wasiolala na wanaoota nyumba zikiungua. Kompyuta ilikuwa na kumbukumbu nzuri sana ya kila nilichoamua, na haikuwa na kumbukumbu yoyote ya kilichosemwa. Hicho kilikuwa kwenye madaftari, na madaftari yalikuwa stoo. Mchwa walikuwa wameyaanza kwa pembeni.

Papa na mimi tuliyapitia siku mbili. Yeye alisoma, mimi nikaandika. Hakunilaumu, na ukimya wake ulikuwa wa adabu mno kiasi kwamba nilitamani anitukane. Tulipata watu kumi na tisa wenye roho. Tulituma habari kwa wote waje Jumatano.

Tabibu aliporudi nilimweleza. Alikuwa Mnyankore wa Isingiro, mtu wa kazi, na Kiswahili chake alikirithi kwa mjomba aliyekuwa polisi. Alinisikiliza hadi mwisho, kisha akaacha Kiingereza tulichozoea kuzungumza, nadhani ili niumie vizuri.

"Madamu, wewe nasoma hii Kiswahili university?"

Nikasema ndiyo.

"Mimi nasoma ya polisi," alisema. "Lakini hata ya polisi nauliza mutu kwanza."

Jumatano walikuja kumi na watano. Wengine walikuwa wamehama. Mmoja baada ya mwingine mistari ilitoka safi, vilima vimepangwa kwa nafasi sawa, nami kila safari nilipumua kidogo zaidi, kama nilivyofundisha. Yule mama wa maharage alikuwa wa kumi na moja. Alipanda kitandani akitania kwamba leo darasa limepata nyaya. Alifunika kifua kwa kitenge hadi dakika ya mwisho, Papa akageuza uso, tabibu akapachika.

Mistari ilipoanza kutembea hata mimi, mtu wa tasnifu, niliona. Vilele vilikuwa vikija vitatu vimebanana, kisha kimoja peke yake mbali, kisha viwili. Tabibu aliinama akaweka kidole kwenye kioo. Akanionyesha kwamba mbele ya kila kilele kirefu panatakiwa pawe na kilima kidogo, na kwa huyu hakuna hata kimoja, badala yake pana mtetemeko mdogo mdogo, kama maji ya beseni lililogongwa. Kisha akaweka kifaa masikioni akamsikiliza kifua kwa muda mrefu. Angeweza kufanya hivyo miezi minne nyuma, kama namba yangu isingempeleka mama huyu chumba kingine.

Daktari wa Mbarara alijibu siku ile ile: mleteni.

Tulimpeleka na pikapu ya zahanati, yeye na mumewe mbele kwa dereva, mimi nyuma yao. Mumewe alikuwa mtu mfupi, mnyamavu, aliyeshika bahasha ya karatasi za mkewe kwa mikono miwili njia nzima. Mkewe ndiye aliyezungumza. Tulipofika Masha akatazama ng'ombe wa kule na pembe zao ndefu, akasema wanafanana na watu walioinua mikono kuomba msaada. Baadaye akaegemea kioo.

Hospitalini daktari alimpima kwa mashine nyingine, ile ya kuonyesha picha ya moyo ukifanya kazi. Alitueleza kwa ufupi. Ndani ya moyo pana milango ya nyama inayofunguka na kufungwa. Mmoja wa kwake ulikuwa umeganda ukabaki tundu dogo kama la kifungo. Chanzo ni ugonjwa wa koo wa utotoni, ambao haukutibiwa, kwa sababu mwaka ule kijiji chao kilikuwa msituni kimejificha. Dawa zingempunguzia mzigo na kuzuia damu isigande. Lakini mlango ulihitaji kufunguliwa, na hilo lilifanyika Kampala, kwa foleni. Akaliingiza jina lake katika foleni hiyo mbele yetu.

Nilimfuata daktari kwenye korido nikamwuliza kama miezi minne ingebadili kitu. Aliniuliza miezi minne gani. Nikamweleza.

"Angekuwa mbele kwa miezi minne," alisema. "Huenda angekuwa ameshaitwa. Huenda bado." Akaniangalia kidogo, akaenda zake.

Dawa moja ilikuwa ipatikane kesho yake asubuhi, kwa hiyo wakalala kwetu Nyamityobora. Alasiri ile tuliketi barazani. Mama yangu, ambaye hajawahi kuona mgonjwa asimlishe, aliwaletea chai ya tangawizi na chapati. Nilikuwa nimepanga maneno yangu tangu hospitalini. Yaliyotoka yalikuwa machache. Nilimwambia kwamba yeye alisema vizuri tangu siku ya kwanza, na Papa aliandika vizuri. Mimi ndiye niliyelisoma neno kwa Kiswahili cha kwetu, nikampeleka pasipomhusu.

Alitafuna chapati hadi ikaisha mdomoni.

"Kwa hiyo zile Ijumaa zote," alisema, "nilikuwa napumua bure?"

Nikasema ndiyo.

Alicheka. Alicheka kweli, akapiga paja, na kicheko kikamkata pumzi katikati, akabaki mdomo wazi, mkono umeshika ukingo wa kiti. Mumewe alimwekea kiganja mgongoni akakiacha pale. Yeye hakucheka. Alikuwa ananitazama, si kwa hasira, kama mtu anayejaribu kusoma bango lililo mbali.

Pumzi iliporudi aliniuliza habari za wenzake wa Ijumaa, hasa mke wa mchungaji aliyekuwa akikaa naye benchi moja. Nikamwambia tumempima, moyo wake mzima.

"Basi ya ule ni huzuni ya kweli," alisema. "Masikini."

Mama yangu akammiminia chai nyingine. Hakuna aliyerudi kwenye jambo lile, wala mimi sikuambiwa nimesamehewa. Nilijikuta nimeudhika kidogo kwa hilo, na ninaliandika hapa ili lijulikane nilivyo.

Tuliporudi Nakivale, tabibu na mimi tuliwaandikia wenye programu, nao wakatuongezea kisanduku kimoja kwenye ukurasa, mahali pa kuandika maneno ya mgonjwa kama alivyoyasema. Kilikuwa kifupi, hakikuzidi mistari miwili. Papa alikaa kando yangu wiki nzima, tukafanya orodha. Niligundua kwamba kati ya maneno ya mwili peke yake kulikuwa na zaidi ya ishirini ambayo nilikuwa nikiyajua kwa uhakika na kwa makosa.

Yule mama alikuja kila wiki mbili kuchukua dawa na kulala chini ya nyaya. Vidonge vilimpa nafuu. Aliweza kufika shambani, akapanda maharage ameketi, akijisogeza kwa makalio kutoka shimo hadi shimo, na alituonyesha jinsi anavyofanya, akiwaiga watu waliosimama njiani kumshangaa. Kila safari nilipiga simu Mbarara kuuliza foleni. Kila safari niliambiwa inasogea. Nilimwambia inasogea.

Alifariki mwanzoni mwa mvua, asubuhi, nyumbani, akichambua mboga. Papa ndiye aliyeniletea habari. Nilikwenda maziko, nikasimama nyuma na wanawake.

Baada ya majuma kama matatu, Jumatano, mumewe alikuja zahanati. Alikuwa na kavera, mfuko mweusi wa plastiki, ndani yake vidonge vilivyobaki, vimefungwa kila aina peke yake. Alisema wapewe wengine. Niliandika vilivyorudishwa, akatia sahihi. Hakuondoka.

"Mwalimu," alisema, "kama ile miezi ine haingepotea, angekuwako?"

Nilikuwa nimelingoja swali hilo tangu barazani. Nilikuwa na jibu la daktari, na nilikuwa na majibu mengine mawili niliyojitengenezea.

"Sijui, baba," nikasema.

"Wewe mwenye kusoma?"

"Sijui."

Alitikisa kichwa, taratibu, kama mtu aliyepokea chenji sahihi. Kisha akasema kwamba kwa sababu leo ni Jumatano, naye apimwe. Nikamwuliza anasikia nini. Akasema roho inamuuma. Nikamwuliza inamuuma vipi, lini, akipanda au akiketi, inaruka au inabana. Nilimwuliza yote. Akajibu yote, kwa utulivu: haikuruka, haikubana, pumzi iko, inauma tu, zaidi asubuhi. Nikaandika maneno yake kwenye kile kisanduku, neno kwa neno.

Papa alipachika nyaya. Mistari ikatoka. Sijapata kuona mistari iliyopangwa vizuri namna ile, vilima na vilele, vilima na vilele, hadi mwisho wa kioo. Tabibu akasikiliza kifua chake mbele na nyuma. Kompyuta ikatoa maoni yake.

"Inasema nini?" aliuliza kutoka kitandani.

"Inasema moyo wako mzima, baba. Hauna kasoro."

Aliziangalia nyaya kifuani kwake. "Pima tena," alisema.

Tukapima tena. Papa alizitoa nyaya zote akazipachika upya, moja moja, ingawa hapakuwa na haja. Ikatoka vile vile. Alipojifunga vifungo vya shati nilimweleza, kwa uangalifu kuliko nilivyowahi kusema jambo lolote kwa Kiswahili, kwamba kuna siku nyingine, Ijumaa, na kwamba siamui mimi, ataamua yeye.

"Ile ya kupumua," alisema.

"Ndiyo."

"Yeye alikuja kule miezi ine."

"Ndiyo, baba."

Akaichukua kofia yake akaenda. Programu iliniuliza namba, na nikaiacha wazi, ikanikatalia kufunga ukurasa, nikazima kompyuta nzima.

Ijumaa alikuja. Aliketi benchi la nyuma, mwanamume peke yake kati ya wanawake, na mke wa mchungaji akasogea kumpa nafasi. Zamu yake ilipofika mshauri alimwuliza kwa Kiingereza kilichomleta, nami nikauliza kwa Kiswahili, naye akajibu kwa maneno matatu. Nilitafsiri mawili. La roho nililiacha kama lilivyotoka mdomoni mwake. Mshauri aliniuliza maana yake ni nini. Nikamwambia amwulize yeye, mimi nitatafsiri.

Akamwuliza. Ilimchukua muda kuanza kujibu, na humo ndani hakuna aliyemharakisha.